Vifuko Saba vya Nondo wa Bukini

Jumatano, Jeddah. Joto la huku linanata mwilini. Nyumba nzima imelala baada ya chakula cha mchana, nami nimejikunyata kwenye chumba cha kupigia pasi, nimenuna.

Nimechoka na watu wazima wanaoogopa mdudu. Nafsi yangu imenichosha zaidi, lakini hilo nitalifikia.

Yalianza Alhamisi, Riyadh, siku ya safari ya kuja huku kwa mama yake madam, ambaye sote twamwita Hajja. Kabla ya safari yoyote madam hupekua mizigo ya wafanyakazi wake wawili, mimi na Hanta. Nimeshazoea, begi nalifungua mwenyewe kabla sijaambiwa. Kwenye begi la Hanta, ndani ya soksi, akakuta vifuko saba vya kahawia vyenye manyoya, kila kimoja ukubwa wa tende. Akavibanabana kwa vidole aone kuna nini ndani.

Dakika chache baadaye mkono umevimba, anajikuna kama aliyeshika upupu. Basi kelele! "Sihri! Ametuletea sihri ndani ya nyumba!"

Sihri ni uchawi, na katika nchi hii neno hilo halina mzaha. Mtu aweza kufungwa kwalo.

Ni nondo, jamani. Nondo!

Hanta anatoka Madagaska, Bukini ya wazee wetu, na huko kuna nondo anayeitwa landibe, asiyepatikana nchi nyingine yoyote. Nilimtafuta kwenye simu nikamwona: mdudu wa kahawia tu, hana hata urembo wa kukufanya ugeuke. Kiwavi wake husokota kifuko cha hariri, akakichomekea vinyweleo vinavyowasha. Wanawake wa kwao huchemsha vifuko hivyo, wakatoa uzi, wakafuma sanda. Mama yake Hanta anafuma ya kwake mwenyewe, polepole. Siku ya kuagana alimpa binti yake vifuko saba, akamwambia, "Sanda yangu haitakamilika mpaka uvirudishe, kwa hiyo sifi kabla hujarudi."

Haya yote niliyajua. Hanta alinieleza chumbani kwetu, kwa Kiarabu chetu cha jikoni na ishara nyingi za mikono. Siku hiyo tulilia wote wawili, tukaishia kucheka.

Madam akanigeukia. "Wewe unalala naye chumba kimoja. Hivi ni vitu gani?"

"Mafi maluumu, madam. Sijui."

Nilisema sijui.

Nilijidanganya kwamba nikitaja wadudu na sanda kwa pumzi moja nitazidi kumharibia. Uongo mtupu. Niliogopa kuunganishwa naye. Ikama yangu, kibali cha kuishi huku, imebakiza miezi minne, nataka kuimaliza salama niende zangu Kilifi. Hanta akarudishwa ofisi ya wakala aliyetuleta, mtaa wa Batha hukohuko Riyadh, kabla hatujaondoka. Vifuko vikafungwa kwenye mfuko wa plastiki, vikatupwa kwenye buti la gari ili shehe mmoja wa huku avisomee.

Leo asubuhi Hajja ameniita nimpangie kabati. Rafu ya juu nimekuta furushi jeupe, nikamuuliza niliweke wapi.

"Taratibu, mwanangu, hiyo ni sanda yangu," akasema, utadhani anataja taulo. "Niliichovya maji ya Zamzam mwaka niliohiji."

Nimekaa chini kwenye zulia nikalia, nikamweleza kila kitu: nondo, kiwavi, vinyweleo, mama anayesubiri.

Hajja alicheka kwanza. Hasira zikafuata. Akamwita bintiye, akaagiza mfuko utolewe garini, akavitazama vile vifuko bila kuvigusa. "Msichana wa watu amebeba sanda ya mamake, nawe unaita sihri? Na huo mkono, umeupaka hata dawa ya mwasho?"

Madam akapiga simu ofisi ya wakala hapohapo, Hanta arudishwe.

Kisha Hajja akanitazama mimi. "Nawe umekaa kimya siku sita?"

Nikainuka nikarudi kupanga kabati.

Adhuhuri ofisi ikapiga. Wamezungumza na Hanta, naye amekataa. Yuko radhi kwenda nyumba yoyote ile isipokuwa yetu. Madam ameshika kiuno. "Nimemsamehe, anataka nini tena?" Amemsamehe! Kwa kosa gani? Nimeuma ulimi karibu niukate. Watu hawa watanitia wazimu.

Lakini namjua Hanta. Madam alishawahi kumfokea mara mia na hakuwahi kuomba ahamishwe. Alhamisi ile, aliposikia jibu langu, aliacha hata kujitetea. Akavaa abaya yake, akakaa mlangoni kusubiri gari.

Nimeomba vifuko nipewe mimi, na madam kanipa kwa ncha za vidole. Tukirudi Riyadh Jumapili nitaomba ruhusa, niende Batha nikamkabidhi kabla hajapelekwa kwa watu wengine. Nikichelewa sijui nitampatia wapi.

Nimekaa hapa tangu adhuhuri natafuta maneno ya Kiarabu ya kumwambia. Ya kufua ninayo, ya kupika ninayo, ya kuomba mshahara ninayo. Mtu anamwambiaje mwenzake, kwa lugha ambayo si ya yeyote kati yetu, kwamba nilikujua na nikakukana?