Nyota Juu ya Uso wa Somoe

Kariakoo, Dar es Salaam

Mama yangu, shikamoo.

Miguu inaendeleaje, na usingizi unapata walau kidogo tangu tumzike Somoe? Mimi mwili mzima, moyo ndio hauko sawa. Naandika kwa sababu kwenye simu kila nikianza nashindwa, nakudanganya kwamba mtandao mbovu.

Uliniomba video ya harusi yake, ile ya asili isiyo na mapambo, umwone vizuri alipokuwa anakuaga mlangoni. Mama, sina. Nimeifuta mwenyewe.

Hapa studio tunapamba video za harusi. Tuna programu ya zamani ya kumwaga nyota, cheche na maua kwenye picha. Walioitengeneza walishaiacha, ila wapenzi wake huko duniani wanaweka mtandaoni mapambo yaliyo tayari, mafurushi kwa mafurushi, bure. Unabonyeza tu, nyota zinamwagika. Unanijua mwanao na vya bure. Nilizoa yote, kompyuta ikajaa, nikafuta video za asili za harusi tulizokwisha kupamba. Ya mdogo wangu Somoe ilikuwemo. Nikasema iliyopambwa si ipo, inatosha.

Nayo niliipamba kwa sifa. Nilitaka bibi harusi wetu awafunike wote wa mjini, nikammwagia nyota usoni tangu anaaga hadi anapanda gari. Wewe mwenyewe ulisema, "Umempendezesha, baba." Sasa hazitoki, zimegandana na picha. Nilimwita bosi wangu, Mzee Jivan, aangalie. Akavua miwani, akasema, "Pole, kijana. Kwa hii hakuna fundi."

Wiki nzima nimeikagua picha moja moja. Akicheka, nyota iko mdomoni. Akikutazama, nyota ziko machoni. Nimelia mbele ya wateja, Mama, na sikuona haya.

Nisamehe. Msalimie shangazi anayekupikia siku hizi, na shemeji, mume wa marehemu. Naye usimfiche, mwambie ni mimi.

Picha moja tu haina nyota, ya mwanzo kabisa, kabla hazijaanza kumwagika. Nimeisafisha, iko ndani ya bahasha hii. Ila humo kaipa kamera mgongo, kakugeukia wewe. Sekunde ile pale mlangoni, uso wake uliuona wewe peke yako. Nikija, nisimulie uso huo ulivyokuwa.

Mwanao anayekulilia,
Hamisi