Wimbo wa Baba Kauimba Zuhura

Geita, Jumatatu

Dada yangu Kabula,

Shikamoo. Naomba karatasi hii ikukute mzima hapo Ibadakuli, na mgongo wa mama uwe umempa nafuu. Shemeji naye, kile kikohozi kimeisha? Mimi mwili mzima. Moyoni ndiko kuna jambo, na nimeandika kwa sababu kwenye simu ungenicheka kabla sijamaliza.

Nilikwambia kuhusu bendi yetu ya panki, ule muziki wa gitaa la kasi na kupayuka, tunaoupiga mimi na wenzangu wawili tukishatoka karasha, kwenye mashine ya kusaga mawe ya dhahabu. Sasa tumerekodi albamu fupi, nyimbo nne, kwa Mwalimu Elias, anayerekodi kwaya hapa mjini. Siku ya kwanza alitusimamisha kila mara.

"Jamani, punguzeni kelele!"

Shija, mpiga ngoma wetu, akamjibu, "Mwalimu, ukitoa kelele hapa hakibaki kitu."

Nyimbo tatu zikapita. Wa nne ni ule niliomtungia baba, jinsi duara, lile shimo la dhahabu, lilivyomfukia na wachimbaji wakamtoa maiti siku ya tatu. Nikauimba mara sita. Kujisikiliza, kumbe nasikika kama mtu anayesoma tangazo la kijiji. Shija akasema, "Hebu Zuhura ajaribu."

Zuhura ni binti wa Tanga anayetupikia chakula kazini. Tulimwita aje kuitikia tu. Aliimba mara moja. Alipofika pale pa "Baba, panda, jua limetoka," sauti ikampasuka, na Mwalimu akavua miwani akajifuta macho. Dada, ningepaswa kufurahi. Nilitamani akohoe.

Nikasema mbele ya wote, "Huyu hamjui baba yangu hata sura!" Nikachomoa gitaa langu nikaondoka, na kazi ikasimama siku nne.

Siku ya tano Zuhura akanifuata karasha.

"Kaka Masanja, ukitaka nitauacha. Ila baba yangu mimi yuko hai, na hajaniulizia tangu nizaliwe. Wako angalau mlimtafuta siku tatu."

Kesho yake nikarudi, nikapiga gitaa kwa hasira mpaka waya mmoja ukakatika, na Mwalimu akasema hapohapo, tusirudie. Wimbo umetoka vizuri mno. Hapo ndipo panaponiuma.

Jumamosi tuliupiga uwanja wa soko. Mama mmoja muuza dagaa akapita katikati ya watu, akamkumbatia Zuhura: "Pole mwanangu, pole kwa baba." Zuhura akaninyooshea kidole: "Mama, aliyefiwa ni yule." Yule mama akanitazama, akasema, "Pole na wewe," kisha akaendelea kumbembeleza Zuhura. Nikabaki nafunga nyaya.

Nyimbo zimo kwenye memori kadi niliyoifunga na barua hii. Nisalimie shemeji, na mjomba wetu aliye mlinzi kule Songwa, na mwanao wa kwanza, mwambie mjomba wake anamkumbuka. Mama msikilizishe ukiwa naye karibu. Najua atalia, na najua atauliza binti huyo ni wa nani anayemlilia mume wake hivyo. Mwambie ukweli, ni Zuhura wa Tanga. Lakini dada, kabla hujamtaja, mwambie kwanza maneno ni ya Masanja.

Mdogo wako nikupendaye,
Masanja