Filamu Yetu Imefika Lilongwe Kabla Yetu

Mbugani,
Kyela.
22 Machi 2009

Mpendwa Kaka Hebroni,

Ndaga fijo, asante sana, kwa barua yako. Wewe na wifi hamjambo? Kifua cha mwanenu Kisa kimepoa? Huku ni wazima wa mwili. Mvua hazikatiki, mpunga umestawi, na mama yako mdogo anatembea tena bila fimbo.

Kaka, umeandika kwamba mmeiona filamu yetu kwenye kompyuta ya ofisini huko Lilongwe, mkacheka na kulia. Niliposoma hapo nilikaa chini nikaisoma tena. Filamu hiyo hatujaitoa! Mume wangu Jonasi alikuwa bado anamsubiri msambazaji wa Mbeya.

Tulikimbilia Mbeya. Kumbe kule ilikohaririwa mtu aliinakili, akaiweka kwenye mtandao. Nani, hatujui, kila mmoja anamsukumia mwenzake. Msambazaji hata kiti hakutupa.

"Kila kibanda cha video kinayo," alisema. "Mimi nimuuzie nani?"

Ni kweli. Hapa Kyela wanaichoma kwenye CD na kuiuza stendi, hadharani. Watu wanamwita Jonasi staa, wanampa mkono. Akirudi nyumbani hali chakula.

Kinachotumaliza zaidi ni bibi Anyes wa Ikolo. Lile jiko linaloungua kwenye filamu lilikuwa jiko lake la kweli, la nyasi. Alituruhusu tulichome, tukamwahidi kumjengea jingine la bati filamu ikitoka. Sasa anapika chini ya turubai, mvua inamnyeshea. Tulipokwenda kumweleza, alimuuliza Jonasi, "Mwanangu, moto ulionekana vizuri?"

Jonasi alikwenda nyuma ya migomba akalia kama mtoto.

Jana ameuza kamera. Mabati yameshafika Ikolo. Kikundi chetu cha kuigiza kimevunjika; Anyitike, aliyecheza kama mkwe, amevuka mpaka kutafuta vibarua kwenu huko. Jonasi anasema atamfuata, nami sina neno la kumzuia.

Kaka, hukujua, sikulaumu. Ila nakusihi, usimpe mwingine, na aliyekupa mwombe aifute. Najua maji yakimwagika hayazoleki. Lakini nimebaki na kuomba tu.

Nisalimie wifi, Kisa na mjomba Ambrose. Mungu awafunike kwa mkono wake, na sisi asitusahau.

Ni mimi dada yako, nikupendaye hata katika machozi,
Tumpale