Kifungu cha Saba cha Kwaya ya Bredäng

Baba,

Jana kwaya yako nusura ivunjike, na mimi nilicheka peke yangu njia nzima kurudi nyumbani Vårby gård. Abiria mmoja kwenye treni alihama kiti. Nakuandikia Kiswahili, ingawa miaka yote ulinisemesha Kiswahili nami nikakujibu Kiswidi. Sasa ni zamu yangu ya kujitahidi.

Kwanza habari za nyumbani. Mama hajambo. Ulikuwa ukisema nyumba yetu ni ile jamhuri ya Wajerumani wa mashariki: Mama anapendekeza, mikono yote juu, matokeo yanajulikana kabla ya kura. Basi, ukuta umeanguka. Jumapili iliyopita aliniuliza ninataka kula nini. Nilishtuka, nikasema chochote, akapika bugali na sombe ya majani ya muhogo kama kawaida. Baadaye nilimkuta kwenye kiti chako, amevaa miwani yako, anajaribu kusoma kimoja cha vile vitabu vyako vya historia. Akasema haoni kitu. Nikamwambia hata wewe ulikuwa huoni vizuri. Tulicheka, halafu akaivua, akaifuta vizuri. Tuko hivyo siku hizi.

Vitabu vyote bado vipo. Shule uliyokuwa ukisafisha ilivitupa, nawe ukavibeba nyumbani kimoja kimoja, wewe mwalimu wa historia wa Uvira. Niliwahi kukuuliza kwa nini unasoma Wajerumani tu, wakati sisi wenyewe tuna historia ya kutosha. Ulisema, "Hawa walianguka shimoni vibaya sana. Walipotoka, walikaa chini wakaandika walijikwaa wapi."

Kisha ukapanga meza. Vijiko kushoto, uma kulia, kikombe katikati. Kikombe kilikuwa serikali ya Weimar, jamhuri yao ya kwanza. Vijiko na uma havikupatana kwa lolote, ila vilipatana kukisukuma kikombe. Kikaanguka, kikapasuka kweli. Miaka kumi na minne, ulituambia, serikali karibu ishirini, na mwishowe akaja yule dikteta aliyeifunga jamhuri yenyewe. Mama akauliza kama jamhuri iliyofuata itamnunulia kikombe kingine. Ukamjibu kwamba iliyofuata, ile ya Bonn baada ya vita, iliandika sheria: bunge haliwezi kumwangusha kansela, yaani mkuu wa serikali, mpaka, kwa kura ileile, limchague wa kushika nafasi yake. Na hata leo, serikali ikiwa Berlin, sheria ni hiyo.

Ukaichukua ukaiingiza kwenye katiba ya kwaya, kifungu cha saba. Ukaongeza kwamba anayechaguliwa lazima akubali kwa mdomo wake. Watu walicheka sana. Kwaya ya watu ishirini na sita, nayo ina kansela? Lakini mwaka ule tulikuwa tumeshaondoa wenyeviti watatu, na kila baada ya mmoja mazoezi yalilala wiki kadhaa.

Tangu uondoke, mwenyekiti amekuwa Papa Faustin. Unamjua, besi nzuri na haraka nyingi. Kila Jumamosi alisema muda umekwisha, kwa hiyo leo nyimbo atachagua yeye. Wewe ungeiita amri ya dharura. Kufika mwezi wa tatu, kila wimbo ulikuwa wa dharura.

Basi jana, kwenye mkutano wa mwaka, Wakongo na Wakenya, ambao hawajawahi kukubaliana hata juu ya sukari kwenye chai, waliinua mikono pamoja. Papa Faustin atoke. Mama Njeri, anayeongoza soprano, alikuwa tayari anavaa koti. Lakini nilikuwa nimesikia minong'ono. Wakongo walitaka mtu wao, Wakenya wao, na kila upande uliapa kwamba ukikosa utaanzisha kwaya yake. Nilijua tukitoka mle bila jina, Jumamosi hatarudi mtu. Na Baba, ile kwaya ndiyo kitu ulichokijenga kwa mikono yako ambacho bado kinapumua.

Wajua mimi sisemi mikutanoni. Nilisimama. Nikasoma kifungu cha saba, nikauliza ni nani anayefuata.

Kelele, saa nzima. Kila jina la upande huu lilikatwa na upande ule. Mama Njeri akanigeukia. "Kwani huyu Mwalimu, hata kaburini anatupa kazi ya kufanya?" Wote walicheka, hata waliokuwa wamenuna.

Ndipo akasimama Papa Faustin mwenyewe. "Miye nitatoka," alisema. "Lakini muweke huyu binti wa Mwalimu. Miye nilikuwa nasema mingi. Yeye hasemi, labda atatusikia."

Mama Njeri akavua koti. "Huyo sawa. Huyo anajibu kila mtu Kiswidi. Si wenu, si wetu."

Mikono ikaanza kuinuka. Nikasema ngojeni, lazima kwanza nikubali. Hapo ndipo nilipoogopa kweli, Baba. Maisha yangu yote nimekuwa hodari wa kujua nisichokitaka. Niliacha masomo ya sheria. Nikakirudisha chumba cha wanafunzi. Nikamkataa yule kijana wa Jakobsberg, uliyempenda wewe kuliko nilivyompenda mimi. Kila mara ulinisikiliza mpaka mwisho, kisha ukauliza, "Sawa, hicho hapana. Na ndiyo yako iko wapi?" Nilikuwa nakasirika. Nilidhani unanipima. Jana, watu wote wale wakinisubiri, swali lako lilinijia na nikaona ulikuwa unauliza tu, kwa sababu ulitaka kujua.

Nikasema, "Nakubali." Sauti ilitoka ndogo, ikabidi nirudie.

Papa Faustin mwenyewe alihesabu mikono. Kisha akaniomba nafasi kwenye besi, kwa adabu, kana kwamba hatujuani. Nimempa. Aliimba baada ya chai, na nakwambia, tangu avue uenyekiti sauti imefunguka.

Bado nikisoma kitu kizuri nageuka kukwambia. Sijaacha, wala sitaki kuacha.

Pumzika, Baba yangu. Nakuahidi hili: siku watakapochoka nami, na watachoka, wakija na jina nitawahesabia mikono bila kununa. Kwa sasa nina kazi. Jumamosi tunaanza na wimbo ambao siupendi hata kidogo. Wameuchagua wao, na nitauimba kwa sauti.

Binti yako,
Espérance