Mama wa Mlali Mbele ya Kamera

Mama, shikamoo sana. Vumbi la huku Mlali nalo linakusalimu. Tunalila hata kwenye mlenda.

Bwana wetu Mzungu anatengeneza filamu ya namna mpya. Haina hadithi: watu wanasimama mmoja mmoja mbele ya kamera na kusema, "Mimi ni Mtanganyika." Mimi ndiye mkalimani.

Jana alikuja mama wa Kigogo, kichwa kimenyolewa. Bwana akadhani ni urembo, akafurahi. Kumbe hapa mtu hunyoa akifiwa, kisha huziacha nywele ziote. Huyu kila zikiota huzinyoa tena, maana mwanawe alifia vitani Burma na kaburi hajaonyeshwa.

Nikamwomba aseme lile neno. Akaikazia kamera macho. "Nitasema mkinionyesha mlipomzika."

Nilishindwa kutafsiri mpaka Bwana aliponikemea. Alipoelewa, akasema kipande hicho kitakatwa, eti filamu ni ya furaha ya nchi.

Idi hii, Mama, ile sahani unayomwekea Kaka Athumani tangu abaki hukohuko Burma, niachie niipakue mimi.

Mwanao,
Salehe