Nafasi ya Mkutubi wa Watoto

Jumatatu, 1 Septemba

Duka limefunguliwa saa mbili. Nimepanga vitenge mlangoni, vya maua mbele, vya mistari nyuma. Mama Mdogo hataki nivipange hivyo. Anasema wateja wa mikoani wanapenda kuchambua wenyewe. Lakini mkono wangu haunisikii. Nina shahada ya ukutubi kutoka chuo kikuu, na kitu pekee ninachopanga ni vitenge Kariakoo.

Saa tano ujumbe umeingia. Nikaisogeza simu mpaka puani kama kawaida, macho yangu ndiyo haya. Nikasoma. Nikasoma tena. NIMEITWA KWENYE USAILI! Maktaba mpya inayofunguliwa Ilala. Nimepiga ukelele mpaka mteja kadondosha mzigo wake. Mama Mdogo alidhani tumeibiwa.

Wanachukua watu watatu. Nafasi mbili ni za wazi, yeyote anaomba. Moja imetengwa kwa mtu mwenye ulemavu. Nina ualbino, na nilisema hivyo kwenye maombi, basi. Kati ya hao watatu mmoja atakaa chumba cha watoto. Hicho ndicho ninachokitaka, kile chumba, na hakuna kingine. Chakula cha mchana hakijapita.

Jumatano, 3 Septemba

Habari imeshafika mtaa mzima. Mama Mdogo hana kifua. Wasukuma mikokoteni wananipigia kelele: "Mzungu wa Lindi! Ukipata kazi utukumbuke!" Nimewajibu kwamba nitawakumbuka kwa majina ya baba zao. Wale hawaniudhi, tumezoeana.

Aliyeniudhi ni fundi cherehani wa mbele. Eti, "We usihangaike kusoma, utapata tu. Si kuna nafasi yenu?"

Yenu! Nimemaindi mpaka sasa. Kwani alama zangu za chuo nilizaliwa nazo kama ngozi? Miaka ile yote nimesoma vitabu vikiwa vimegusa pua, shingo inauma, wenzangu wamelala. Halafu mtu aniambie nafasi yetu. Nimemnyima salamu jioni. Kesho nitamsalimia, ni mtu mzima.

Alhamisi, 4 Septemba

Nimerudia madaftari yangu yote ya kuainisha vitabu. Mwenzangu wa chuo kanipigia simu kunitisha. Anasema wenye shahada hawatakiwi siku hizi, wanachukua wa stashahada kwa sababu hawakimbii kazi. Yeye mwenyewe ana shahada hiyohiyo, na sasa anauza vifuniko vya simu. Nimekata simu. Nina raha, asinizingue.

Jumamosi, 6 Septemba

Mtihani wa kuandika. Tulikuwa wengi, ukumbi mzima umejaa wakutubi wasio na maktaba.

Niliomba karatasi ya herufi kubwa. Msimamizi akasema haikuandaliwa. Nikamwambia niliomba mapema. Akaniambia nitumie lenzi yangu, muda ni uleule kwa wote. Damu ilichemka. Nikaona nikigombana naye nampa muda wangu bure. Nimeinama, nimeandika. Swali moja liliuliza kitabu cha watoto kuhusu miti ya dawa kikae rafu gani. Jamani, nilicheka peke yangu kwa furaha. Hilo swali ningelijibu hata kwa sharti la kusimama kwa mguu mmoja.

Jirani yangu kwenye benchi alikuwa kijana wa Masasi, anaitwa Boniface. Anatembea kwa magongo. Ana stashahada ya ukutubi na anajitolea kwenye maktaba ya shule Buguruni. Mcheshi balaa. Kanieleza jinsi wanafunzi wake wanavyoficha kitabu nyuma ya rafu ili kesho wakikute palepale. Tumecheka mpaka tukakatazwa.

Halafu nikiwa natoka ndipo nikakumbuka. Nafasi iliyotengwa ni moja. Sisi ni wawili. Furaha ikapungua kidogo.

Jumanne, 9 Septemba

NIMEPITA! Tumebaki sita. Nimecheza katikati ya duka na mteja wa Mbeya kacheza na mimi bila kujua tunasherehekea nini. Mama Mdogo kanunulia soda kila aliyekuwa barazani, hata fundi cherehani.

Boniface katuma ujumbe: "Dada, tumepita!" Nimefurahi kweli. Nimekasirika pia kweli. Angekuwa mtu wa kiburi ingenisaidia.

Nimewatazama hao sita kichwani. Wanne watagombea mbili. Mimi na Boniface tutagombea moja. Ndiyo hesabu.

Jumamosi, 13 Septemba

Mtihani wa vitendo. Lazima niandike leo.

Kila mmoja anaingia chumbani na watoto kama ishirini, anaokota kitabu sandukuni bila kuchagua, anawasomea. Jopo limekaa nyuma. Mwenyekiti mzee mpole, na mama mmoja mwenye miwani ambaye hajatabasamu tangu tuanze.

Nimeokota kitabu cha mbuni. Nikafungua. Maandishi meupe juu ya karatasi ya njano. Sikuona kitu. Nikasogeza puani, sikuona. Lenzi, hola. Picha naziona, herufi hakuna.

Halafu mtoto mmoja wa mbele, kibogoyo, kauliza kwa sauti: "Dada, unakinusa?"

Sijui nini kilinijia. Nikasema, "Ndiyo, kinanukia mandazi." Watoto wote wakasimama. Nipe na mimi ninuse! Na mimi! Nikasema anayenusa sharti anisomee ukurasa mmoja, kwa sababu macho yangu yamegoma leo. Waligombania. Yule kibogoyo kasoma wa kwanza, maneno yanapita kwenye pengo, wenzake wanavunjika mbavu. Mmoja hajui kusoma bado, nikamwambia aniambie mbuni anawaza nini kwenye picha. Kasema mbuni anawaza pilau. Tumemaliza kitabu kizima. Walipotolewa walikuwa wananusa kila kitabu kwenye rafu.

Nilitoka juu juu kama nimepanda bembea. Wallahi hakuna kazi nyingine duniani.

Kisha nikamsikia yule mama wa miwani, mlango haujafungwa vizuri. "Maelekezo yalisema asome. Hakusoma."

Jumapili, 14 Septemba

Hakusoma. Hakusoma. Nimekunja vitenge vibaya siku nzima.

Jumatano, 17 Septemba

Mahojiano ya ana kwa ana. Nimevaa gauni la buluu, kofia pana, nimejipaka mafuta ya jua mpaka nang'aa.

Waliuliza kama nina shahada mbona nimeomba kazi ambayo hata stashahada inatosha, si nitawakimbia? Nikasema nimekaa na shahada yangu kati ya marobota ya vitenge, nikimbilie wapi tena? Wamecheka. Hata mama wa miwani kasogeza mdomo, ingawa siwezi kula kiapo.

Halafu mwenyekiti, kwa upole kabisa, akauliza kama nisingependa kukaa stoo ya vitabu. Kule nyuma. Kuna kivuli, hakuna watu, sitasumbuliwa.

Nikamwambia, "Shikamoo mzee, lakini mimi sijasoma ukutubi ili nifichwe. Nataka nisumbuliwe. Na hao watoto."

Nikatoka bila kujua nimetoka vipi. Boniface alikuwa nje anasubiri zamu yake, kanishika mkono na kuniombea Mungu. Mimi nimemjibu amina na moyoni nikamwomba Mungu huyohuyo mambo mawili yasiyoweza kutokea pamoja.

Ijumaa, 19 Septemba

Hakuna simu. Mama Mdogo kanikataza kuitazama. Yeye anaitazama.

Jumanne, 23 Septemba

Niandike kwa utaratibu.

Saa tatu asubuhi Boniface kapiga. Analia na kucheka. Amepata! Wamemwita kuchukua ile nafasi iliyotengwa. Nikapiga vigelegele vya kweli, nikamwambia anastahili, na anastahili. Nikakata. Nikazima simu kabisa. Nikakaa juu ya robota nyuma ya duka nikalia mpaka kitenge cha juu kikalowa. Nimetoka kapa. Nimelia kwa wivu, na kwa aibu ya wivu, na kwa kile chumba. Fundi cherehani kaja kuchungulia, nikamfukuza.

Saa tisa simu ya Mama Mdogo ikaita, namba yake niliiweka kwenye maombi kama ya akiba. Akaitikia, akaniangalia, akanirushia kama chapati ya moto. Alikuwa yule mama wa miwani. Nimemtambua kwa ile sauti.

"Binti, tangu asubuhi hupatikani. Unaitaka kazi au huitaki?"

Nikasema, "Lakini mama, nafasi si imeshachukuliwa?"

"Ipi?"

"Ile yetu."

Halafu akasema taratibu kwamba kwenye nafasi za wazi mimi ndiye niliyeongoza, na chumba cha watoto nimepewa mimi. Ile iliyotengwa haikunihusu tena, ikaenda kwa anayefuata. Akauliza: "Kwani wewe ulikuwa unaomba ipi?"

Jamani. Mtu nimemnunia fundi cherehani wiki tatu kwa neno moja, kumbe neno lenyewe nilikuwa nimelimeza mzima. Zilikuwepo nafasi tatu. Mimi mwenyewe nilijiondoa kwenye mbili na hakuna aliyeniambia nijiondoe.

Nikamuuliza kuhusu kutosoma. Akasema alipinga, na bado anapinga, ila wale watoto walimfuata mpaka getini wakiuliza dada anarudi lini. Nikapiga ukelele sikioni mwake. Mama Mdogo kaanguka kwenye vitenge, tumelia wote, tumecheza, wasukuma mikokoteni wameacha mizigo barabarani na magari yakapiga honi. Boniface nimempigia mwisho. Hakuamini. Amesema sasa nani atamchekesha yule mama wa miwani. Tumegawana zamu.

Nimekwenda kumwomba radhi fundi. Hakujua kama nilimnunia.

Jumatano, 1 Oktoba

Siku ya kwanza. Chumba kinanukia rangi mpya. Asubuhi hapakuwa na mtu, watoto wako shule. Nimepanga rafu ya chini, taratibu, kila kitabu mahali pake.

Mchana akaingia mama mmoja na binti yake aliyevaa sare ya shule. Akanitazama, akatazama nyuma yangu, akatazama mlango wa ofisi. Akauliza mkutubi yuko wapi.

Nikasema ni mimi.

Akasema basi vizuri, binti yake anataka kujiandikisha. Nikavuta kiti, binti akakaa, nikamuuliza jina.