Sura Katika Kioo cha Kabati

Alexandria, Virginia
9 Novemba 1986

Kwako Dada Mize,

Assalaam alaykum. Ni matumaini yangu kwamba waraka huu utakukuta mzima, na kwamba goti la Mama limepoa. Sisi huku tu wazima, ila baridi imeanza na moyo wangu umechafuka. Nakuomba unisome hadi mwisho kabla ya kunihukumu.

Nilikuandikia kwa majivuno kwamba, baada ya shahada, nimekuwa msaidizi wa Bwana Hirose, mpigapicha wa filamu kutoka Japani. Alianza kwa kubeba vyombo katika studio kubwa ya Tokyo, akaiacha, na tangu hapo hutengeneza filamu na marafiki zake bila bwana juu yao. Hawashi taa kamwe. Huweka kamera chini, kimo cha mtu aliyekaa mkekani, kisha husubiri jua la dirishani lifanye kazi. Jirani yetu Jabir, dereva wa teksi, alinicheka: ati nimesoma kote huko niwe mshika taa wa mtu asiyetumia taa! Mimi niliiona subira ile kuwa ibada.

Alipotaka kuonyesha jinsi wageni wa mji huu wanavyoomboleza, nilimpeleka kwa Shangazi Nunu, ambaye, kama ujuavyo, yumo edani tangu afiwe na mumewe. Shangazi alikataa, nikambembeleza. Mwishowe akasema atakaa nyuma ya pazia, na ipigwe mikono yake tu ikiwapitishia wanawake waliokuja kumpa pole vikombe vya kahawa. Akaongeza kwamba mikono yake imeushinda uso wake kwa uzuri, basi Mjapani hatapata hasara. Bwana Hirose aliinama, akaahidi. Ahadi hiyo niliitafsiri kwa kinywa changu mwenyewe.

Alisubiri asubuhi nzima. Jua lilipogeuka, akapiga. Kisha, kwa furaha, akaniita nichungulie kwenye kamera. Kando ya mikono ile, katika kioo cha kabati la vyombo, niliuona uso wa Shangazi: kichwa wazi, machozi na kamasi, akijifuta kwa upindo wa kanga. Bwana Hirose akanieleza kwa fahari kwamba mikono ni adabu tu, uso ndio sinema. Ndiyo maana alilingoja jua lifike pale. Dada, niliondoa jicho langu kwenye kamera. Kumbe niliyoiita subira ilikuwa kuvizia. Hata zile filamu zake nilizozihusudu, sasa nazikumbuka kama matundu ya milango.

Nikakabidhiwa kopo la filamu nilipeleke maabara. Hapa nakiri nisilomwambia mtu. Filamu ambayo haijasafishwa ikiingiwa na mwanga hufa. Nilishuka basi kabla ya kufika, nikakaa kwenye benchi, nikalifungua kopo na kuikunjua yote. Sikuwasha taa hata moja. Niliacha jua lifanye kazi, kama alivyonifundisha.

Amenifukuza, na ameapa kwamba hakuna mpigapicha wa mji huu atakayenichukua. Sijuti. Shangazi huniuliza ni lini ataiona mikono yake sinemani. Namwambia picha iliharibika, naye humsikitikia yule mgeni mwenye adabu. Tafadhali, mwache aendelee kumsikitikia.

Mshikie Mama mkono kwa niaba yangu, na uwasalimie wote wa nyumbani kila mmoja kwa jina lake.

Mdogo wako akupendaye,
Mwadini